Kisakinishi Kisichopiga Hodi

Jumatatu, 3 Machi

Bi. Lucienne, mwenye kampuni, ametuita ofisini kabla kahawa haijachemka. Kampuni yetu ya watu watano haiwezi tena kulea programu mbili za mawe ya makaburi. Ijumaa itabaki ile inayofunguliwa mara nyingi zaidi katika karakana za wachonga mawe hapa mjini Barre. Nyingine itazikwa, na aliyeiandika atafute kazi kwingine. Yangu huchora jiwe. Ya mwenzangu Royce Tatro hupeleka mchoro kwenye mashine ya kukata herufi. Hesabu ya wiki iliyopita: yake mara mia nne na kumi, yangu thelathini na moja. Thelathini na moja!

Nimetafakari. Programu zote mbili husoma faili la aina moja. Mtu akilibofya mara mbili, kompyuta hufungua ya Royce, kwa sababu tu kisakinishi chake, yaani kile kinachoiingiza programu kwenye kompyuta, kilijiandikisha mapema kuwa mwenye mafaili hayo. Je, huo ni ubora, au ni kuwahi? Naelekea kuamini ni kuwahi. Lakini imani hiyo inaninufaisha, kwa hiyo naishuku. Nimeishuku kwa dakika kumi. Kisha nikafungua kisakinishi changu.

Jumanne, 4 Machi

Leo ni Mkutano wa Mji, ule wa kila mwaka ambapo wakazi wote hupiga kura. Karakana zimefungwa, kompyuta zimeachwa zikiwaka, kama kawaida yao. Nimeketi safu ya nyuma ya ukumbi wa shule, kompyuta mapajani, karibu na meza ya maharage na pai. Wanamji wamebishana dakika arobaini kuhusu greda jipya la barabara za tope. Kila mmoja kaulizwa maoni yake. Mzee mmoja, aliyepinga kila hoja tangu asubuhi, akasimama kutaka kujua kama greda lenyewe limeulizwa. Kicheko ukumbi mzima.

Hapo ndipo nilipotuma. Toleo jipya limejisakinisha katika karakana kumi na tisa na kuyachukua mafaili yote, pamoja na kazi ya kuyapeleka kwenye mashine. Awali niliweka swali la kuomba ruhusa, nikaliondoa. Maswali huwachosha wachongaji. Hiyo ni huruma. Au nadhani ni huruma. Kisha nikanyoosha mkono kuliunga mkono greda.

Jumatano, 5 Machi

Yangu mia mbili na sita kabla ya chakula cha mchana! Ya Royce, tisa.

Amenijia mezani. Kaniuliza, "Dada Winifred, nyumba za watu unaingia hata hodi hupigi?" Nikamjibu kwamba yeye aliingia miaka saba iliyopita, nami nimekuja kumpokea mizigo. Akasema hilo si jibu, ni mdomo. Pengine ana haki. Akanikumbusha kwamba wachoraji hujiandikia maelezo kwenye mchoro, kwa rangi ya kijivu, na kwamba programu yake huyaruka inapopeleka kazi kwenye mashine. Yangu je, huyaruka? Nikasema nitaangalia.

Sikuangalia. Kuangalia kungekuwa kukiri kwamba swali lake lilikuwa zuri.

Alhamisi, 6 Machi

Haiyaruki.

Simu imetoka karakana ya Mzee Severino. Nimekwenda kwa miguu, katika theluji iliyogeuka uji. Jiwe ni la marehemu Merton Wheelock, ambaye bado amehifadhiwa pamoja na maiti wengine wa majira ya baridi, akingoja ardhi iliyoganda ilainike mwezi Mei. Jina lake, miaka yake, kisha MUME MPENDWA. Na chini yake, kwa herufi zile zile safi zilizozama ndani ya granaiti, maelezo ya kijivu ya mchoraji: MJANE BADO HAJAKUBALI HILI.

Nilimuuliza Severino kwa nini hakusimamisha mashine. Alinitazama kwa huzuni. "Mama, mji huu nimechonga kochi, nimechonga pikipiki, nimemchongea mtu matusi ya shemeji yake. Familia ikitia saini, mimi nachonga. Mchongaji haulizi." Ni kweli, hapa hakuna anayemhoji mfiwa.

Mjane, Bi. Arlene, alikuwa tayari njiani kuja kulitazama. Nilishauri tulifunike kwa turubai. Severino akakataa; akasema jiwe lina mwenyewe. Bibi aliingia, akavua glavu, akapitisha kidole katika kila herufi ya mstari wa mwisho. Hakulia. Akauliza kwa sauti ya chini, "Nani aliwaambia?"

Kisha akasema mwanawe asilione, livunjwe leo hii. Jipya liandikwe jina na miaka, basi. Severino akachukua nyundo. Mimi nilishika taa. Sijui kwa nini nilishika taa, ilikuwa mchana.

Ijumaa, 7 Machi

Hesabu rasmi: yangu mia sita thelathini na mbili, ya Royce sitini. Nimeshinda! Bi. Lucienne alizisoma namba kwa sauti mbele ya wote, akanipongeza, akanifukuza kwa ajili ya jiwe la Wheelock. Nimebakiziwa Jumatatu moja ya kukabidhi kazi.

Royce akaniletea kahawa. "Pole, dada. Nilitaka ushindwe, sikutaka ufe." Kauli hiyo imenichoma kuliko kufukuzwa.

Jumatatu, 10 Machi

Jana nimelichunguza kosa langu kutwa nzima. Nimeandika kurasa nne, nikachana tatu. Hitimisho: kosa halikuwa kuyachukua mafaili. Lilikuwa kuyachukua kwa niaba ya programu, ilhali anayefukuzwa ni mtu. Naona udhaifu katika hoja hii. Ulipo hasa, sijapaona.

Nilichoagizwa ni kiondoaji: king'oe programu yangu katika kila karakana na kumrudishia Royce mafaili yake. Nimekiandika kwa uangalifu. Kinang'oa vizuri kabisa. Ila mafaili kinayakabidhi kwa ile programu ndogo ya kuandikia maandishi ya kawaida iliyomo katika kila kompyuta. Mchongaji akibofya, atakuta kurasa elfu za alama zisizosomeka, na juu ya ukurasa wa kwanza namba ya simu ya msaada. Ni namba yangu ya nyumbani. Watanihitaji! Bi. Lucienne atanirudisha kabla ardhi haijalainika.

Inawezekana mawe kadhaa yatachelewa, na wenyewe wanangoja. Nimelipima hilo kwa uzito unaostahili. Kisha, saa tano asubuhi, nimekituma karakana zote kumi na tisa, bila kumsumbua mtu kwa maswali.