Maana ya Kufaa

Jumatatu, 3 Machi

Leo nimesahihishwa mbele ya darasa. Si na mkaguzi, si na mkuu wa shule. Na mwalimu mgeni, ambaye hata funguo za maabara hajajua hukaa wapi.

Ilikuwa hivi. Niliandika ubaoni kwa chaki ya rangi: Kiumbe anayefaa ni yule mwenye nguvu, mbio na ujasiri. Sentensi hiyo nimeiandika kila mwaka tangu nianze kufundisha biolojia. Mwalimu Mgeni alikuwa ameketi nyuma kutazama ninavyofundisha. Mwanafunzi mmoja akamgeukia, akamuuliza kama ndivyo. Yeye akasema kwa adabu kubwa kwamba katika elimu ya mageuko neno hilo halipimi misuli. Kufaa ni kuacha uzao, na uzao huo nao uishi mpaka uzae. Simba mwenye nguvu asiyeacha mtoto, kufaa kwake ni sifuri. Sungura mwoga mwenye wajukuu tele amemshinda.

Wanafunzi wakaandika habari za sungura. Wengine waliifuta kwanza sentensi yangu.

Nafasi ya mkuu wa idara ya sayansi iko wazi tangu mzee wa fizikia astaafu. Mkuu wa shule atateua mtu kabla ya likizo. Mimi nilikuwa nimeshachagua dirisha la kukaa katika ofisi hiyo. Sasa lazima nimshinde huyu mama kwa hoja. Ikishindikana, kwa njia nyingine.

Jumanne, 4 Machi

Habari ilifika chumba cha walimu kabla yangu. Mwalimu wa Hesabu ana watoto saba, na huwataja hata anapoazima kalamu. Aliuliza kwa sauti kama ni kweli kwamba kufaa ni watoto. Mgeni akajibu kwamba kwa maana ya kitaalamu ni kweli, ila wanaohesabiwa ni wale wanaoishi wakazaa.

Mwalimu wa Hesabu akanigeukia. "Basi, ndugu yangu, wewe kisayansi hufai."

Watu wakacheka. Halafu wakaacha kucheka, mmoja mmoja. Wote wanajua kwamba mimi na mke wangu hatukujaliwa mtoto. Mgeni peke yake ndiye ambaye hakujua. Aliona nyuso, akaelewa. Akasema harakaharaka kwamba neno hilo haligusi thamani ya mtu, kama vile mizani isivyoweza kusema nani mwema. Hakuna aliyemsikiliza. Nilisema nina kipindi. Sikuwa na kipindi. Nilikwenda kukaa maabara na mifupa ya plastiki. Yenyewe haina maswali.

Mke wangu ni fundi cherehani. Jicho lake hugundua mshono uliopinda hata kwa mpita njia. Jioni akaniuliza kuna nini. Nikamwambia ni vumbi la chaki. Akanifuta uso kwa kitambaa, ingawa vumbi halikuwepo.

Alhamisi, 6 Machi

Nimepata njia.

Shule ina banda la kuku la wanafunzi wa kilimo. Jogoo wao ni Kishingo. Shingo yake haina unyoya hata mmoja, na hutembea kando ya ukuta kama mtu aliyechelewa msibani. Mimi nyumbani nina Jemadari. Mrefu, kifua kama mlango. Mbwa wa jirani humpisha.

Nimempelekea mkuu wa shule pendekezo. Tuwaweke majogoo wote wawili bandani pamoja na mitetea wapya wenye shingo za manyoya, ambao hawajawahi kukutana na jogoo. Mayai yaatamiwe. Watakaoanguliwa na shingo tupu ni wa Kishingo, watakaokuwa na shingo za manyoya ni wa Jemadari. Hapo shule nzima itaona nani anafaa. Mkuu wa shule amefurahi. Amesema hii ndiyo sayansi ya vitendo anayoitaka kwa mkuu wa idara.

Mgeni naye amekubali. Aliniuliza tu kama natambua kwamba katika jaribio hili tutahesabu vifaranga, hatutahesabu mapigano. Nikamwambia asubiri aone.

Nilielewa alichomaanisha nilipokuwa njiani kurudi nyumbani. Ilikuwa imeshachelewa kubadilisha.

Jumatano, 12 Machi

Jemadari alimchapa Kishingo asubuhi, mbele ya mashahidi. Nilisimama kando na mikono nyuma, kama mzazi siku ya mahafali.

Baada ya hapo akaichapa ndoo. Akaichapa toroli. Akashambulia buti za mlinzi, na mlinzi alikuwa ndani yake. Kisha akasikia jogoo mwingine akiwika ng'ambo ya ukuta, akaanza kutembea kwenye uzio huku na huko akimjibu. Alimjibu mpaka jioni. Hakula. Mitetea hakuwatazama.

Kishingo alikuwa kwenye kona akichakura taratibu. Kila akipata mdudu alikuwa hamli. Alitoa mlio mdogo wa kuita, mtetea akaja, akala. Mambo mengine yakafuata nyuma ya pipa la maji.

Mgeni alikuwa akitazama. Aliandika tu daftarini, na hilo liliniudhi kuliko kama angesema.

Ijumaa, 14 Machi

Nimemfunika Kishingo kwa tenga na kuweka tofali juu. Nia yangu ilikuwa njema. Jogoo aliyepigwa anahitaji mapumziko.

Jemadari alipoliona tenga alidhani ni adui wa aina mpya. Alipigana nalo siku nzima. Mitetea wakahamia upande wa pili wa banda kutafuta utulivu. Mlinzi ndiye aliyeliondoa tofali. Kishingo akatoka, akajikung'uta, akawafuata mitetea. Nilikuwa nimemwandalia hadhira iliyochoka na Jemadari.

Mkuu wa shule ameniita ofisini kuuliza kuhusu tenga. Nilimweleza kwamba nilikuwa namtibu koo. Aliniuliza jogoo hutibiwaje koo kwa tofali. Nilimwahidi maelezo ya maandishi.

Jumatano, 19 Machi

Mayai yamewekwa. Mitetea wameanza kuatamia. Jemadari amerudi nyumbani na jicho moja limevimba. Mke wangu anamkanda kwa maji ya uvuguvugu na kumwita bwana mkubwa. Sasa ni kungoja tu. Nimeanza kuandaa hotuba ya ushindi, kwa sababu mtu huandaa.

Jumamosi, 5 Aprili

Binti wa marehemu kaka yangu amefika na sanduku lake. Amekuja kujifungulia kwetu. Mume wake yuko kazini mbali, atafuata akipata ruhusa. Mke wangu amemtandikia chumba chake kilekile cha zamani, na cherehani kaitoa nje ili isimpigie kelele.

Alipokuja kwetu mara ya kwanza alikuwa mtoto mchanga, baada ya ajali iliyowachukua kaka na shemeji. Alikuwa haongezeki uzito. Daktari wa hospitali alituambia kwa upole tusijipe matumaini makubwa. Mke wangu alimfunga kifuani msimu mzima wa mvua, akashona nguo za watu huku mtoto yuko naye kifuani. Mimi nilijifunza kuchemsha chupa na kulala nikiwa nimekaa. Kuna asubuhi nilikuwa naogopa kugusa kitanda chake. Nilikuwa nasimama mlangoni nisikie kwanza kama anapumua.

Sijui kwa nini naandika haya. Hayahusiani na jaribio.

Leo ametembea kwa shida mpaka barazani, akaketi, akaniambia, "Baba Mdogo, umekonda. Shule inakuonea?" Nilimwambia kwamba kuna mjadala wa kitaaluma. Akacheka mpaka akashika tumbo.

Alhamisi, 10 Aprili

Wameanguliwa.

Walimu wote walikuja bandani. Mkuu wa shule alivaa viatu vya mpira. Mlinzi alimwinua mtetea, akatoa kifaranga wa kwanza. Shingo tupu. Wa pili, shingo tupu. Vifaranga walitoka chini ya mbawa za mama zao kama wazee wadogo waliosahau skafu. Mwisho kabisa wakaonekana wawili wenye shingo za manyoya. Mwalimu wa Hesabu akasema hao wanaonekana kuwa na aibu.

Mgeni hakusherehekea. Aliniuliza kando, kwa sauti ya chini, kama ningependa kuwaeleza wanafunzi mwenyewe, kwa kuwa jaribio ni langu. Ningeweza kukataa. Sijui kwa nini sikukataa. Nilisimama mbele yao nikasema: kufaa, katika elimu ya mageuko, ni uzao ambao kiumbe anauacha ukilinganisha na wenzake, uzao unaoishi nao ukazaa. Nguvu zinaweza kusaidia. Zinaweza pia kupotea bure kwenye uzio. Sentensi niliyowafundisha zamani ilikuwa na kosa.

Mwanafunzi mmoja wa mbele akainua mkono. Aliuliza kama basi Jemadari hafai kitu.

Nilimtazama Mgeni, naye akaniachia mwenyewe. Nikasema Jemadari ananifaa mimi. Nikasema hilo ni neno la nyumbani, lile jingine ni la maabara, na asiyeyatenganisha atawaumiza watu bure. Wakaandika. Mwalimu wa Hesabu alikuwa anatazama viatu vyake.

Baada ya chai mkuu wa shule alitangaza kwamba Mgeni ndiye mkuu wa idara. Nilimpa mkono. Akaniuliza funguo za maabara hukaa wapi.

Jumapili, 13 Aprili

Uchungu ulimshika alfajiri. Tulifika zahanati jua likichomoza. Mke wangu aliingia naye ndani. Mimi nilibaki kwenye benchi la nje, karibu na tangi la maji.

Muda ulikwenda. Muuguzi alitoka, akaingia, akatoka tena anatembea upesi bila kunitazama. Mtu aliyefundisha biolojia muda wote huu anajua mambo mengi yanayoweza kuharibika, na yote yalinijia kwa mpangilio. Nilisimama karibu na mlango kama nilivyokuwa nasimama zamani, nisikie kama kuna anayepumua.

Kisha kikasikika kilio. Chembamba, cha hasira.

Muuguzi alitoka na kifurushi, akauliza babu ni nani. Niligeuka nyuma kutazama anamuuliza nani. Mke wangu, aliyekuwa mlangoni na macho mekundu, akanisukuma begani.

Ni msichana. Amekunja uso kana kwamba ameletwa mahali asipopaona pazuri. Alishika kifungo cha shati langu, hakukiachia. Nilipoingia ndani, binti yangu alikuwa amechoka, midomo imemkauka. Alinielekeza nishike kichwa vizuri. Halafu akasema, "Baba Mdogo, msingekuwepo wewe na Mama Mdogo, huyu asingekuwepo."

Nilisema naenda kulitazama tangi la maji. Mke wangu alinifuata. Tulisimama pale tukilitazama tangi, mimi na yeye, muda mrefu sana kwa kitu kisicho na hitilafu. Aliweka mkono wake mfukoni mwa koti langu, jambo ambalo hajalifanya tangu tukiwa vijana.

Jumatatu, 14 Aprili

Nimemweleza Mgeni habari za mtoto, na za mama yake alivyolelewa. Alinisikiliza mpaka mwisho, kalamu chini. Akanipongeza. Kisha akasema neno kufaa lina upande mwingine, ambao siku ile katika chumba cha walimu hakupewa nafasi ya kuueleza. Wataalamu huhesabu pia ndugu wa damu ambao kiumbe amewasaidia kuishi, ikiwa bila yeye wangepotea, kwa sababu nao wamebeba sehemu ya urithi uleule. Binti wa kaka amebeba robo ya urithi wangu. Mtoto wake, thumuni.

Nilimwomba arudie. Akarudia: robo, na thumuni.

Akanisihi nisilichukue kama alama za mtihani. Alisema hizo ni hesabu za chembe za urithi tu. Mke wangu hana damu na binti yule hata tone, na ndiye aliyembeba kifuani. Hakuna kipimo cha maabara kinachoandika hilo. Nilimwambia nimeelewa kikamilifu.

Na kweli nimeelewa. Mimi na mashindano basi. Mtu hapimwi kwa tarakimu. Mtoto si kombe. Nimelala mchana huu kwa amani ambayo sijaipata tangu Machi ianze.

Jumanne, 15 Aprili

Babu mzaa baba amepiga simu. Anakuja Ijumaa kumwona mjukuu.

Nimepiga hesabu. Yeye ana robo. Robo ni mara mbili ya thumuni. Mzee ambaye hajachemsha chupa hata moja atakaa barazani kwangu akiwa na mara mbili yangu, na atapewa mtoto kwanza kwa sababu ndivyo watu wanavyofanya kwa wageni.

Nimekihamishia chumba cha ndani kile kiti chenye mito. Barazani nimeacha stuli. Tangu asubuhi namzoesha mtoto sauti yangu, ili Ijumaa akisikia nyingine alie. Nimemsomea sura nzima ya mfumo wa mmeng'enyo. Alilala katikati, ila nadhani aliipata mada.

Mke wangu ameniuliza nafanya nini na kiti. Nimemjibu kwamba ni mambo ya sayansi. Amenitazama kama anavyotazama mshono uliopinda, akaenda kukirudisha.

Hata hivyo sina wasiwasi. Nasikia mzee huyo magoti yanamsumbua, hawezi kumbeba mtoto akiwa amesimama. Mimi leo nimesimama naye kuanzia chai mpaka chakula cha mchana, na mkono haukuchoka.

Kwa ufupi, yule mzee hafai.