Ombi la Kuzuia Msiba Wangu wa Jumamosi

Ndugu Mwenyekiti wa Kijiji,

Salamu, na asante kwa rambirambi. Mimi ni Eliud yuleyule mliyemlilia Jumamosi iliyopita. Sijafa.

Kama ujuavyo, binti yangu Anande ni msanii. Si wa kuimba; afadhali angeimba. Yeye hupiga filamu, hupanga vyombo vyangu uani, kisha huketi katikati yavyo kimya na kusema hiyo ndiyo kazi. Siku ile nimekwenda Ngarenaro kutengeneza pampu ya dawa ya kahawa, huku nyuma akatundika shuka jeupe migombani, akawasha projekta, akaonyesha filamu aliyonipiga nimelala usingizi wa baada ya makande, mikono kifuani. Yeye mwenyewe akaketi chini ya shuka, kanga nyeusi kichwani, haitikii salamu ya mtu. Jamani, majirani wangeelewa nini? Sasa nasikia amekuomba kibali arudie Jumamosi hii. Mnyime, kwa sababu zifuatazo:

1. Beberu wangu amechinjwa kwa heshima yangu. Nilipofika nikapewa shingo, tena ya baridi, na mama mmoja ambaye hata usoni hakuniangalia akanipa pole ya kufiwa.

2. Vijana walishachimba kaburi katikati ya mibuni yangu. Waliponiona walitimua mbio, isipokuwa mmoja, aliyeniomba nilale kidogo apime.

3. Kwaya ya akina mama iliimba vizuri mno. Mwaka jana nilipolazwa, hakuja hata mmoja! Imeniuma.

4. Wewe mwenyewe ulisimama ukasema nilikuwa mpole na mpenda amani. Nilikuwa nyuma yako, nasikia. Hivi si wewe uliyeniita mkorofi kwenye mkutano wa mfereji?

5. Mdogo wangu Elifuraha, ambaye hatusemezani tangu ugomvi wa mpaka, alilia mpaka akashikwa. Alikiri mbele ya watu wote kwamba masale, ile mimea ya kuonyesha mpaka, aliyasogeza yeye. Aliponiona akachukua kofia yake, akaondoka. Hajakanyaga kwangu tena.

Kwa hiyo naomba sanaa ya aina hii ipigwe marufuku kuanzia hapa hadi Momela. Naomba pia mtu yeyote mwenye mtoto msanii asilale mchana bila shahidi, na kipaza sauti cha kijiji kitangaze kila asubuhi kwamba mimi ni mzima, mpaka watu wazoee.

Nisalimie mama watoto, wazee wa kanisa, na wote waliokula beberu.

Ni mimi, ambaye bado nipo,
Eliud

N.B. Bahasha nilishaifunga, nimeifungua tena. Elifuraha alikuwa ameanza kuniomba msamaha, ndipo mimi mjinga nikakohoa. Mpe Anande kibali. Mwite na Elifuraha, usimwambie kitu. Nitajilaza ndani, kimya kabisa, mpaka ndugu yangu amalize.