Mama wa Mafaili Yote

Piak aliiona riziki yake siku alipojua kwamba mashine ya michezo ya mkononi haiamki bila faili moja dogo, dogo kuliko picha ya paka. Akalifuta kwenye kila mashine kibandani mwake, chini ya ngazi za soko la Ban Mo, Bangkok. Mteja ananunua, anafika nyumbani, kioo cheusi. Anarudi mbio.

"Umenunua mwili, kaka," Piak humwambia kwa upole wa mtawa. "Roho inauzwa mbali."

Roho ilikaa kwenye kadi ndogo kama ukucha. Aliiuza kwa bei ya sahani kumi za wali wa kuku, na kuonya isinakiliwe: nakala hupauka, kama chai inayoongezwa maji. Uongo mtupu. Lakini mtu akiuimba uongo miaka mitatu, mwishowe huucheza mwenyewe.

Shangazi Lamyai, muuza ndizi za kukaanga, alinunua roho ya mashine yake. Hucheza akingoja mafuta yachemke. Yeye alipangiwa kibanda nyuma ya choo, ambako hata njaa hukata tamaa. Kibanda cha Piak alikitamani miaka sita, maana soko zima hupita pale.

Wiki iliyofuata alimjia Piak na kikasha cha hirizi shingoni. Ndani mlikuwa na kadi.

"Marehemu mume wangu alifagia kiwanda cha mashine hizi, Japani," alinong'ona. "Hili ndilo la kwanza. Mama wa mafaili yote."

"Wewe Shangazi! Ndizi za jana unaziita za leo, nikuamini kwa hili?"

"Basi pima. Nikidanganya, nimwagie mafuta."

Piak aliikagua kadi kwa kioo cha kukuzia, kama wakaguzi wa hirizi wanaotafuta za bandia. Kisha akaitia kwenye kompyuta. Kila faili lina utambulisho wake, herufi na tarakimu thelathini na mbili. Akaulinganisha na wa faili lake. Zote thelathini na mbili sawa! Akazihesabu upya.

"Ingekuwa nakala, ingepungua walau herufi moja," alisema. "Unataka nini?"

"Mimi mtu wa ndizi tu, mwanangu. Tubadilishane vibanda. Ofisini kwa soko, mbele ya mashahidi."

Kufikia adhuhuri walikuwa wametia saini. Piak akahamia nyuma ya choo akicheka. Mwenye mama, wateja watamfuata hata kuzimu. Akaifungua tena kadi, safari hii kwa utulivu. Kando ya faili kulikuwa na ujumbe mfupi, ule anaomwekea kila mteja: "Asante kwa kununua roho kwa Piak. Kilichouzwa hakirudishwi."

Alifika ngazini akipiga kelele. Foleni ya wala ndizi ikamzuia.

"Mwizi we! Nirudishie kibanda changu!"

Lamyai hakuinua macho. Mikononi mwake mashine ililia kwa furaha, ikiendeshwa na nakala aliyojinakilia mwenyewe. Haikupauka hata kidogo.

"Ujumbe si umeusoma, mwanangu? Haya, panga foleni kama wenzako. Za leo hizi."