Nyumba Isiyo na Mahakama

Jumatatu, 15 Septemba 2025
Barua ya mwisho kutoka ofisi ya mikopo ya Bi Elizabeti, Usagara. Nilipe ndani ya siku kumi na nne, la sivyo nyumba yangu ya Nguvumali inapigwa mnada. Milioni sita tu! Mashine ya kukamua machungwa niliyoinunua kwa mkopo huo ilikamua wiki tatu ikaungua. Sasa kuku wanatagia ndani yake. Mastura, mke wangu, hajui lolote. Yuko Amani na watoto, dada yake amejifungua. Sitaki kumtia wasiwasi.

Alhamisi, 18 Septemba
Nimepata mpango. Sadalla, anayewachapia watu barua nje ya mahakama, amenieleza kwa chai na vitumbua viwili. Mahakama ya mwanzo haisikilizi ugomvi wa nyumba. Baraza la ardhi halisikilizi ugomvi wa mkopo mtupu. Basi! Nafungua kesi mwenyewe kote kuwili: kwa hakimu nitasema ni kesi ya nyumba. Barazani nitasema ni mkopo mtupu. Wote wakikosa mamlaka, nani atauza? Watu wanasomea sheria miaka minne kwa nini?

Jumatano, 24 Septemba
Ushindi! Hakimu aliniuliza kama najua kwamba mahakama yake haina mamlaka juu ya ardhi. Nikasema najua vizuri sana. Akavua miwani, akaniangalia. Kesi imetupwa. Nimeomba nakala yenye muhuri.

Ijumaa, 26 Septemba
Baraza nalo limenitoa. Mwenyekiti, mzee mpole, aliitikia shikamoo yangu, akasema kwa maneno yangu mwenyewe hili ni deni, niende mahakama za kawaida. Nilimshukuru mpaka karani akacheka. Maamuzi yote mawili nimeyabandika mlangoni, dalali akija ayasome. Jirani yangu Robert, fundi wa madirisha ya aluminiamu, aliyasoma akitikisa kichwa. Baadaye nikamkuta anapima dirisha la sebule yangu kwa futi. Alisema anapima tu. Wivu.

Jumatatu, 29 Septemba
Dalali kaja na kipaza sauti. Mnada Jumamosi, saa nne asubuhi. Nikamwonyesha mlango. Akasoma yote, taratibu, kisha akasema kesi zikishatupwa hakuna amri ya kumzuia. Kumbe asiye na mamlaka ya kunihukumu hana mamlaka ya kunilinda pia! Nikamfuata Sadalla. Anasema kwa vitumbua viwili nilitaka anieleze sheria yote?
Niliporudi, Mastura alikuwa anashuka kwenye bajaji na watoto na mikoba yake. Alisoma mlango kuanzia juu mpaka chini. Hakupiga kelele, na hapo ndipo nilipoogopa. Aliniuliza watoto watalala wapi. Niliona aibu, kweli kabisa.

Alhamisi, 2 Oktoba
Juzi Mastura alikwenda baraza lile lile, peke yake, na risiti za mabati aliyonunua kwa pesa yake ya mikate anayooka na kuuza. Alisema neno moja tu: hii ni nyumba ya ndoa, na hakuridhia iwekwe rehani. Leo tumeitwa wote. Bi Elizabeti akatoa fomu yenye saini ya Mastura. Mwenyekiti akauliza nani aliiweka. Nikajibu kwa heshima kwamba ni mimi, siku ile mwenzangu alikuwa na wageni, sikutaka kumsumbua. Karani aliandika hilo kwa kalamu nyekundu.
Mnada umesimamishwa. Nilitaka kumkumbatia Mastura pale pale, akanikwepa. Nje amekubaliana na Bi Elizabeti kulipa kidogo kidogo kwa mikate. Mimi ndiye nitakayeisambaza, kwa baiskeli, kila alfajiri.

Ijumaa, 3 Oktoba
Nimesambaza mikate. Mlima mmoja, pancha mbili, mawazo mengi. Baraza lenyewe limesema, kwa muhuri, kwamba nyumba yangu haiuziki bila ridhaa ya Mastura. Sasa, Tanga nzima kuna dhamana salama kuliko hiyo? Unaiweka rehani mara kumi na haiendi popote! Kuna mkopeshaji mwingine anaitwa Mathew, bado hanijui. Nimeshachukua fomu. Ila safari hii nafuata sheria, saini ya Mastura siiweki mimi. Ataiweka Robert. Ana mwandiko mzuri, na amekubali haraka sana, futi yake bado mkononi.