Mkadiriaji wa Hasara za Giza

Jumatatu, 4 Machi 1957

Umeme umekatika saa tisa mchana. Mara ya tatu tangu Ijumaa! Ndani ya friji: chupa ishirini za sharubati ya ukwaju, mabonge saba ya barafu na siagi ya mtu. Ilipoingia magharibi barafu ilikuwa supu. Supu ya maji matupu.

Jirani yangu Masoud alikaa barazani kwake akitabasamu. Kazi yake kukodisha taa za karabai. Wenzake wakiingia gizani, yeye ndiyo kwanza anafungua duka. Akaniita mtaa mzima usikie: "Yakhe Pandu, leo unauza sharubati au uji?" Mtu anayekula kwa giza kama popo hajibiwi.

Na mwanangu Khamisa keshasema lake. Alikuja Ijumaa na gari la shamba kutoka Makunduchi, alikoolewa na mwalimu. Akafunua sufuria zangu, akafunua friji. "Baba, tarehe kumi na nane nnakuja tena. Kama friji hii haikulishi, tunaiuza na unakuja kukaa kwetu."

Makunduchi! Mimi, mzaliwa wa Sokomuhogo, nikachunge kuku wa mkwe! Nyumba hii nimekaa na marehemu mke wangu Wanu miaka thelathini na moja. Sitoki.

Nimefikiri mpaka isha. Kosa si langu wala si la friji. Kosa ni la umeme. Basi umeme ulipe.

Jumanne, 5 Machi

Nimekwenda ofisi ya umeme na barua ya kurasa mbili. Karani anaitwa Abdulla, kijana, nywele kazipaka mafuta hata nzi angeteleza. Alinipa shikamoo nzuri, hilo simnyimi. Alisoma barua yote. Kisha akasema, "Ami, hasara ya mtu mmoja hapa haina pa kuandikwa. Wakubwa watataka kujua mtaa mzima unapoteza nini kwa saa moja ya kukatika. Ukiipata hesabu hiyo, na mimi nikaja nikaona kwa macho yangu, ntaipeleka juu."

Masoud anasema nimefukuzwa kwa adabu. Masoud hajapewa kazi na ofisi yoyote tangu azaliwe, angejuaje?

Nimenunua daftari. Juu ya jalada nimeandika: Pandu bin Shaame, Mkadiriaji wa Hasara, Sokomuhogo. Khati imetulia.

Wanu angecheka. Umeme ukikatika yeye alikuwa akishika tasbihi na kuhesabu polepole. Taa zikirudi ananipa jumla: "Mia nne na kumi, mwenzangu. Jana ilifika mia sita." Hakudai hata senti moja. Wema wa namna ile ndio unaoziharibu ofisi.

Alhamisi, 7 Machi

Nimeanza kuzunguka. Nyumba kumi na tisa, kalamu sikioni.

Kwanza Matar, mwenye mashine ya kusaga kahawa na bizari. Nikamuuliza anapoteza kiasi gani kwa saa. Akasema alhamdulillahi. Nikamuuliza kama maana yake hapotezi kitu. Akasema alhamdulillahi. Nikamwambia Mungu ashukuriwe sana, lakini mimi nataka tarakimu. Akaurudisha mlango nusu na kuniuliza kwa nini nayataka mapato yake. Eti alikuwa na mbuzi Mpendae, akafa kwa kijicho cha watu, na yule hata hakuwa na mapato.

Kisha Bi Tabia, anayetunga vikuba vya asumini vya maharusi na kuweka maua yake ndani ya friji yangu. Akasema kulalamikia giza ni kukufuru. Umeme ukikatika yeye hujinyoosha kidogo akapumzika, na pumziko ni neema.

Masoud akasema, "Mimi andika faida, yakhe. Na andika nakuombea dua uendelee."

Jumla ya hasara ya mtaa mzima kwa saa: sifuri. Watu hawa! Wanafilisika huku wanashukuru.

Ijumaa, 8 Machi

Baada ya sala nilimnong'oneza Matar neno moja tu: fidia. Neno moja, mtu mmoja, na kiapo juu yake. Kabla ya alasiri kulikuwa na foleni mlangoni kwangu.

Matar yule yule wa alhamdulillahi leo anasaga pishi mia mbili kwa saa. Mashine ile hupata kikohozi ikipewa pishi tatu! Mtu wa nyumba ya pembeni kadai talaka. Anasema kungekuwa na taa angeuona uso wa mkewe ulivyonuna, asingeitamka. Bibi kizee mmoja kadai jino, alitafuna kokwa ya tende gizani. Bi Tabia kadai asumini, na juu yake kadai lile pumziko. Jana lilikuwa neema. Leo ni kazi iliyopotea.

Na Masoud! Masoud kaja kudai karabai zake kuchakaa. Nikamwambia zinachakaa kwa sababu zinatumika, zinatumika kwa sababu ya giza, na giza ndilo linalomlisha. Akasema, "Basi hasara yenyewe si hiyo? Andika."

Nikaandika, lakini nusu. Akaondoka kanuna.

Jumla kwa saa moja: shilingi elfu kumi na nne. Mtaa huu ukiuzwa wote, pamoja na paka wake, haufiki hapo. Nimeridhika kabisa.

Jumapili, 10 Machi

Nimehujumiwa. Masoud kaeneza kwamba daftari langu ni la kodi. Eti serikali inataka kujua nani anapata nini, na Pandu ndiye kachero wake.

Wamekuja mmoja mmoja tangu asubuhi kupunguza. Matar anasema mashine yake imekufa tangu mwaka juzi. Nilimwambia naisikia inanguruma hapo nyuma yake. Akasema huyo ni mkewe. Wa talaka kamrudia wake, tena wanapendana mno, nifute. Bi Tabia kaniita kando: "Bwana Pandu, mimi na biashara wapi na wapi? Mie nachezea maua tu."

Jumla mpya: shilingi mbili na thumni. Ni za yule bibi wa jino, ambaye masikio hayamsaidii na uvumi haukumfikia.

Nimefikia uamuzi. Mdomo wa mtu si kipimo. Ukimtajia kupewa, anavimba. Ukimtajia kutoa, ananywea. Hasara haiulizwi, hupimwa! Siku umeme ukikatika nitasimama katikati ya njia na saa mkononi, Abdulla pembeni yangu, tuandike tunachokiona. Nimemwalika Jumamosi, saa kumi. Kakubali. Amechoka na barua zangu, lakini kakubali.

Jumatano, 13 Machi

Umeme haujakatika tangu Jumatatu ya wiki iliyopita. Siku tisa! Wananikomoa. Usiku taa zinawaka kama Idi, mchana friji inaimba, barafu ngumu kama moyo wa Masoud. Jua ni kali na watu wana kiu. Sharubati imekwisha jana, nikatengeneza nyingine, imekwisha leo. Mkebe wa pesa umejaa hata kifuniko hakikai. Nimeusukuma uvunguni, usinikere.

Kwa hali hii hasara nitaipata wapi?

Masoud naye hana furaha. Anafuta vioo vya karabai zake kutwa. Hilo moja limenifariji.

Nilipofungua friji leo baridi ilinipiga usoni, nikakumbuka. Homa yake ya mwisho Wanu alitamani maji ya baridi. Nilikimbilia Darajani kununua barafu, nikaifunga ndani ya gunia, nikarudi mbio. Nilifika na gunia lililolowa. Alikunywa maji niliyoyakamua, ya vuguvugu, akasema yana baridi ya kutosha. Alikuwa mwongo mzuri yule. Friji niliinunua mwezi wa tatu baada ya maziko.

Basi. Jumamosi karani anakuja. Umeme lazima ukatike, upende usipende.

Jumamosi, 16 Machi

Siku mbaya. Naiandika kwa ajili ya haki.

Chini ya ngazi, ukutani, mna sanduku la nyaya. Baada ya alfajiri nikalifungua na kung'oa fyuzi, ile niliyoona ina sura ya mtaa mzima. Nikalirudishia mlango sanduku, nikatoka kwenda kunywa kahawa mbali, nisishukiwe. Nimekaa huko mpaka saa tisa na nusu kwa subira kubwa.

Abdulla kafika saa kumi kamili. Nikamsimamisha katikati ya njia. Mashine ya Matar inanguruma. Redio tatu zinaimba, kila moja na lake. Abdulla akaniuliza kwa upole, "Ami, umeme uliokatika uko wapi?"

Nyumba moja tu mtaani ilikuwa haina umeme. Yangu.

Nikamwonyesha friji, angalau. Nilipofungua, maji yakamshukia viatuni. Na nyuma ya maji, kapu. Lo! Asumini za Bi Tabia. Kazileta jana jioni kwa harusi ya Jang'ombe, nikazipokea mwenyewe, nikasahau. Zimelowa tangu alfajiri, zimegeuka rangi ya chai.

Naye Bi Tabia akaingia wakati ule ule, kuja kuzichukua.

Hakupiga kelele. Ningependa angepiga. Alilitazama kapu, akanitazama mimi na daftari langu. "Biharusi wa watu keshapambwa, Bwana Pandu, ananukia hina peke yake. Nikamwambie nini? Nikamwambie ulikuwa unapima?"

Masoud alikuwa keshafika ngazini na kulifungua sanduku. Akairudisha fyuzi kwa vidole viwili. "Yakhe, hii ofisi ya umeme ndogo sana. Mkubwa wake ndiye karani, ndiye mteja, na ndiye mwizi!" Mtaa ulicheka mpaka Matar akasimamisha mashine ili asikie vizuri.

Abdulla kaandika mstari mmoja. Niliusoma kwa kupindua shingo: "Hasara ya mtaa, hakuna. Hasara ya Bwana Pandu, Bwana Pandu."

Nilizunguka mpaka magharibi nikiomba asumini nyuani kwa watu. Nimepata kikombe kimoja. Bi Tabia alikipokea bila kuniangalia. Nilimpa na mkebe, wote, akanunue maua kokote yalipo. Wanu angejua la kumwambia. Mimi nilisema samahani mara mbili, ya pili nikauambia mlango.

Asumini nimeziingiza daftarini, upande wa ofisi ya umeme. Kama wangekata wenyewe kwa wakati wake, kama kawaida yao, mimi nisingegusa fyuzi. Hilo mtoto mdogo analiona.

Jumatatu, 18 Machi

Khamisa kaja. Mkebe mtupu. Sharubati imechacha. Friji inanuka maua yaliyooza. Nilimweleza kwamba wiki iliyopita friji ilinilisha vizuri sana, mkebe ulijaa. Akaniuliza basi pesa ziko wapi. Nikamweleza. Alikaa kitako juu ya ngazi na kufunika uso kwa buibui. Nilidhani analia. Alikuwa anacheka, kisha kweli akalia.

Masoud kainunua friji hata kabla haijatangazwa. Wachukuzi wanne! Akasema nisiwe na wasiwasi naye, umeme ukikatika yeye ana karabai. Nikamwambia barafu haijui karabai, mpumbavu wee. Akasema atajifunza kwa makosa yangu, yapo ya kutosha.

Khamisa kapangusa nyumba nzima kabla ya kumrudishia mwenye nyumba ufunguo. Alipofika mlango wa jikoni nikamzuia. Pale pana alama ya kiganja cha mamake, ya chokaa, tangu alipopaka ukuta Idi yake ya mwisho. Aliacha kitambaa. Akaweka kiganja chake juu ya kile, vikalingana. Kisha tukaenda kungojea gari.

Jumapili, 24 Machi. Makunduchi

Kuku kumi na sita. Mkwe kaniomba kwa heshima nisiwahesabu kwa sauti.

Siku tano sikuandika, sikuwa na la kuandika. Watu hapa wananiamkia vizuri, wananipa samaki, hawaniulizi kitu. Usiku ni kibatari. Niliangalia juu nikitafuta waya. Hakuna waya. Hakuna nguzo. Hakuna hata shimo la nguzo.

Leo alfajiri, nikitia udhu, nimeona!

Sokomuhogo tulikatikiwa saa mbili, saa tatu, tukapiga kelele mpaka ofisini. Makunduchi umeme umekatika tangu Nabii Adamu, na haujarudi hata kwa dakika! Hakuna ofisi duniani yenye deni kubwa namna hii. Na hapa hakuna fyuzi ya mtu yeyote kuingia katikati kuharibu ushahidi. Hasara safi, ya mchana na usiku, kila nyumba.

Nimefuta Sokomuhogo kwenye jalada. Nimemweleza Khamisa. Akasema, "Baba, huwezi kukatikiwa kitu ambacho hukupata kuwa nacho." Mke wa mwalimu, na hesabu yake ndiyo hiyo! Nikamwambia asiyepata kabisa ndiye aliyepoteza zaidi. Kaenda kulisha kuku.

Nikamkadiria jirani mmoja tu, Mzee Hija, mtu mzima, msiri. Nikamweleza kila kitu wazi, kitakacholipwa na atakayelipa. Ameapa kwamba hatamwambia mtu.

Sasa ni magharibi. Wako kumi na mmoja barazani, na wa mbele ana mbuzi anayechechemea, anadai mnyama alivunjika mguu gizani mwaka wa arubaini na nane.