Mnara Wetu wa Ol Kalou

Jumamosi, 2 Novemba 1996. Brooklyn Park, Marekani
Jotham, ndugu yangu mdogo, amepiga simu kutoka Ol Kalou. Kama kawaida, mlipaji mimi. Anataka kubomoa mnara! Eti umepasuka, mvua inaingia, Mama analala na sufuria ya kukinga maji. Nimemwambia athubutu tu. Kasri lenye mnara huo lilijengwa na mlowezi Mskoti aliyeshikwa na hamu ya kwao. Mwaka sitini na nne Baba akalinunua pamoja na shamba. Huku nabadilisha shuka za wazee kwenye makao yao Saint Paul. Kule nina mnara. Asiuguse mnara!
Peris, mke wangu, asema twende Krismasi tukamwone Mama, miaka saba si mchezo. Hajui majengo huyu.

Jumapili, 3 Novemba
Wazo! Kuna chama cha watu wenye asili ya Uskoti, hukutana katika ukumbi ulio chini ya kanisa fulani Saint Paul. Nimempigia mwenyekiti, Maurice. Nikamwambia ukoo wetu unamiliki kasri la Kiskoti tangu miaka mia tatu iliyopita. Nimeongeza chumvi, lakini kidogo. Wakiupenda mnara watautengeneza wenyewe. Maurice alifurahi hadi akapaliwa. Jumamosi nitawaonyesha kanda ya video aliyotuma Jotham. Mimi sijaitazama. Nikiona nyumbani hulia, na Peris hunicheka.

Jumamosi, 9 Novemba
Balaa! Kanda za Kenya hazichezi kwenye mashine za Marekani. Kila mtu alijua isipokuwa mimi. Chenga tupu kwenye skrini! Wanaume wazima waliovaa sketi za mirabamiraba wakanikodolea macho. Nikasimama kando ya televisheni nikaeleza tu: huu ukumbi, hizi ngazi, hapa juu nililala nikiwa mtoto, asubuhi ukifungua dirisha unaiona milima ya Nyandarua. Mkono wangu ukainuka kulifungua dirisha lile. Sikuwa naigiza. Nilipakumbuka kwetu kweli.
Bibi mmoja akafuta machozi, akasema ukungu ule kwenye skrini ni Uskoti mtupu. Ushindi! Maurice ameichukua kanda. Anasema kazini kwao Eden Prairie kuna mashine ya ku-convert, yaani kuigeuza ichezeke huku.

Alhamisi, 14 Novemba
Maurice ameileta kanda hadi nyumbani. Tumeitazama sebuleni, watu watatu. Kuku kwenye ngazi. Ndama ukumbini! Mnara umeinama kama mlevi anayetafuta ufunguo. Na Jotham, msaliti, anaeleza kwa Kiingereza safi kwamba Baba alikuwa kibarua pale, aliyabeba mawe yale mgongoni, na kasri lenyewe Baba alilizidi umri.
Maurice alicheka. Kisha akasema babu zake walifukuzwa mashambani na wenye makasri, kwa hiyo kibarua aliyeishia kumiliki mawe aliyoyabeba ni habari tamu kuliko miaka mia tatu. Akaomba nimpe anwani ya Jotham, wanachama wamwelekeze jinsi ya kuuegemeza mnara kwa magogo. Nikakataa katakata. Baba yangu hahurumiwi na mtu mwenye sketi! Peris akasema mjinga ni mimi. Mbele ya mgeni.
Mwisho wa kanda Mama anatokea mlangoni. Anaitazama kamera. Amekonda. Nimerudisha pale, nikarudisha tena, hadi Peris akazima televisheni akaketi karibu nami.

Jumapili, 17 Novemba
Mnara haupo. Jotham ameubomoa na mawe ameyafanya ukuta wa chumba cha Mama. Nilimfokea mpaka jirani wa chini akagonga dari yake. Jotham akampa Mama simu.
Mama amesema chumba ni kikavu, sasa analala usingizi wa kweli. Akauliza nitakuja lini. Akasema hana haja na mnara, tangu zamani hakuwa na haja nao, anachotaka ni kuniona nikiingia mlangoni kabla macho yake hayajaisha. Nililia waziwazi, na sikuona haya.
Maskini Mama, ana adabu mno! Ni kama mgeni anayekataa chai huku macho yake yakiwa kwenye birika. Nimemwelewa. Anataka mnara mpya, tena mrefu kuliko ule wa kwanza. Nimeanza kuuchora. Nimemwambia Peris aahirishe habari za Krismasi, kwa sababu siwezi kufika kwa mama yangu mikono mitupu.