Kimchi Chini ya Mgomba

Jumapili, 2 Machi 2025
Nimeamua. Sabato hii kamati inateua mzee mpya wa kanisa. Mpinzani wangu ni jirani yangu Omosa, mtu ambaye kitabu cha mwisho alichomaliza ni cha darasa la nane. Silaha yangu: kimchi! Kabichi ya Wakorea, iliyochachushwa kwa chumvi, pilipili na tangawizi. Nimesoma yote. Husafisha tumbo, huongeza umri. Nitaipakua kwenye chakula cha pamoja baada ya ibada. Kanisa linalohubiri afya kila juma na kula maharagwe yaleyale kila juma litamjua kiongozi wake.

Jumatatu, 3 Machi
Kisii mjini, duka la viungo la Mama Dhanlaxmi. Nilimfafanulia siri za Mashariki ya Mbali. Akasema kwao hiyo ni achari, na mama mkwe wake huitengeneza bila kuhutubia mtu. Wivu! Nikanunua pilipili maradufu, kumkomesha.

Maelezo yanataka uji wa unga wa mchele. Mchele, kijijini Ekerenyo? Utumwa hadi lini? Nimetia unga wa wimbi uliooteshwa, wa kwetu, na sukari ya kutosha. Mke wangu Persis akauliza kama najua wimbi wa namna hiyo hufanya kazi gani hapa kwetu. Nikamjibu: kazi ya uzalendo. Alicheka peke yake hadi jikoni.

Wakorea huzika mitungi ardhini. Nimezika pipa la plastiki katikati ya migomba, nikalifunika kwa majani makavu. Kifuniko nimekikaza kwa mipira ya kufungia mizigo ya boda boda. Hewa ni adui.

Jumatano, 5 Machi
Inatokota! Nimelala kifudifudi kuisikiliza. Harufu imefika barabarani. Wanaume ambao hawajanijulia hali tangu Krismasi wamepita kunisalimia, kila mmoja na kikombe mfukoni. Mmoja akauliza kwa adabu, omogaka, mzee wetu, tunafungua lini? Nikawaambia Sabato, kanisani. Wameondoka wakishikilia mbavu. Watu wetu wana kiu ya maarifa.

Ijumaa, 7 Machi
Aibu! Yao, si yangu. Omosa kaja na naibu wa chifu, Bi Lorna, na askari. Akasema pipa lililofichwa shambani, linalonuka wimbi uliochacha, ni kangara, mchanganyiko wa kupikia pombe ya chang'aa, hata mtoto anajua. Nikaanza kuwapa historia ya Korea. Bi Lorna akasema, Mwalimu, historia utaitoa kituoni, fungua hapa.

Nikalegeza mpira wa kwanza. Mingine ilijilegeza yenyewe.

Sitaeleza mlipuko. Nitasema tu kwamba sare ya Bi Lorna haikuwa nyekundu alipokuja. Alilamba mdomo, akafikiri, akasema amekamata kangara miaka mingi, lakini hii ndiyo ya kwanza yenye kabichi. Hakuona vyombo vya kupikia, akaniacha na onyo. Omosa, jicho moja limejaa pilipili, alinisikitikia kwa sauti ya kufika sokoni.

Jumamosi, 8 Machi
Kamati imeahirisha uteuzi. Omosa aliomba niombewe! Kwa majina yangu yote, kwenye kipaza sauti! Persis ndiye aliyeitika amina kwa nguvu kuliko wote. Sabato ijayo nitajieleza mbele ya baraza la kanisa. Nikishindwa, uzee wa kanisa ni wa Omosa, nami nitawekwa chini ya nidhamu.

Jumapili, 9 Machi
Wajinga hawaelimishwi kwa maneno. Waonjeshwe! Baraza nitalipelekea kitu kisicho na shaka yoyote: siki ya ndizi, ile ya kutia kwenye kachumbari. Nimeponda mkungu mzima wa ndizi mbivu, nikatia maji, na wimbi kidogo kuharakisha. Shambani siweki tena, kuna wambea. Ufunguo wa stoo ya kanisa ninao, na pipa tayari liko ndani, nyuma ya viti vya kwaya.

Nimesoma kwamba kitu hiki huwa pombe kwanza, kisha baada ya mwezi hivi hugeuka siki. Baraza linakaa Jumamosi. Nitaanza na mchungaji, kwa kikombe kikubwa.